Huru kwa Mfuko wa Nani?

Treni ya Indian Pacific haisimami St Marys. Huondoka stesheni kuu ya Sydney, hupita hapa kwetu magharibi ya jiji kama mgeni asiyetaka hata kikombe cha chai, huipanda Blue Mountains, na baada ya kilomita 4,352 huwateremsha abiria wake Perth, kwenye mwambao wa bahari ileile inayolamba ukuta wa Forodhani kule Unguja. Sisi huku huisikia tu ikipita. Jumamosi moja ilipita nikiwa stesheni nasubiri treni ya mjini, na kijana mmoja wa Kikongo, mtoto wa jirani, alikuwa amenishikisha simu yake nitazame filamu aliyoitengeneza. Dakika kumi na moja: bibi yake jikoni, anasonga fufu, anamsimulia mjukuu habari za Uvira na mjukuu anajibu kwa Kiingereza.

"Mzee, hii ni yangu mwenyewe," aliniambia. "Hakuna mtu amenipa hata dola moja. Mimi ni dairekta huru."

Filamu ilikuwa nzuri, nilimwambia hivyo na sikumdanganya. Nikamuuliza ya pili inakuja lini. Akacheka, akasema pesa haipo, kamera aliyoazima imeshadaiwa na mwenyewe, na kazi ya ghalani inamla siku sita za wiki. Treni yake ikaja, akaenda. Nikabaki na lile neno lake, huru. Uhuru gani huu unaokwisha baada ya dakika kumi na moja?

Swali hilo halimhusu yeye peke yake. Kila mahali pana watengeneza filamu wanaojiita huru, maana yake hawakuajiriwa na kampuni kubwa wala hawaandiki kwa amri ya waziri. Mmoja wao hufanya kazi miaka thelathini, akazeeka nayo. Mwingine, mwenye jicho zuri vilevile na moyo uleule, hukoma kwenye filamu ya kwanza au ya pili, kisha tunamtaja kwa huruma kwenye makongamano. Tumezoea kusema tofauti ni kipaji, au ni bidii, au ni bahati. Mimi sikubali. Nina sababu, na sababu hiyo ina majina mawili.

Katikati ya miaka ya 1980 ilitoka filamu iitwayo Mama Tumaini. Iliongozwa na watu wawili kwa pamoja: Martin Mhando wa Tanzania na Sigve Endresen wa Norway. Wakati huo jina la Norway halikuwa geni Tanzania. Wazee wetu walilijua kupitia Kibaha, ambako nchi za Nordiki zilijenga shule, kituo cha afya na mafunzo ya wakulima katika miaka ya 1960, na kupitia Mbegani, Bagamoyo, kwenye chuo cha uvuvi. Filamu hiyo ilizaliwa ndani ya ujirani huo wa misaada. Ninachokitazama mimi ni saa ile ilipokwisha: wenzi wawili waliosimama nyuma ya kamera moja, wakaachana, kila mmoja akarudi kwao. Mtu akitaka kuipima nafasi ya kipaji na nafasi ya nyumba aliyotoka mwenye kipaji, hatapata mizani iliyo bora kuliko hiyo.

Endresen alirudi kwenye nchi ya watu wasiofika milioni 4.3. Soko la lugha yake ni dogo kuliko la wasemaji wa Kiswahili wa mikoa michache tu ya Tanzania. Kwa hesabu ya dukani, Norway haikupaswa kuwa na filamu hata moja ya kwake. Lakini mwaka 1913 bunge la nchi hiyo lilipitisha sheria iliyozipa halmashauri za miji mamlaka ya kutoa leseni za kumbi za sinema, na halmashauri nyingi zikaona afadhali leseni hiyo zijipe zenyewe. Kumbi zikawa mali ya mji, kama bomba la maji. Faida ya tiketi haikwenda kwa tajiri wa kumbi wala haikupanda meli kwenda Hollywood yote. Sehemu yake ilibaki mjini. Makumbusho ya mchoraji Edvard Munch yaliyofunguliwa Oslo mwaka 1963 yalijengwa kwa faida ya kumbi za sinema za jiji. Nilipolijua hilo nilikaa kimya kidogo, nikizikumbuka kumbi za Avalon na Empire za Dar es Salaam.

Nisiipambe Norway kupita kiasi. Kwa muda mrefu halmashauri hizo zilifurahia kuchuma na hazikutaka kupanda: zilionyesha picha za kigeni, zikahesabu pesa, na wasanii wa nchini wakabaki mlangoni. Kampuni ya Norsk Film, iliyomilikiwa na halmashauri zenyewe, ilikuja mwaka 1932 baada ya malalamiko mengi. Baadaye zikaja ruzuku za serikali, taasisi ya filamu mwaka 1955, na mpango mzima wa kuchangia gharama za filamu ambayo tiketi peke yake isingeweza kuilipa. Mafuta ya Bahari ya Kaskazini yaligunduliwa mwaka 1969. Kwa hiyo wanaosema Norway inasaidia sanaa kwa sababu ina mafuta wamelitanguliza gari mbele ya ng'ombe. Mfumo ulikuwepo kabla ya utajiri; utajiri ulikuja kuunenepesha.

Ndani ya mfumo huo Endresen akafanya nini? Angeweza kutengeneza vichekesho. Badala yake, mwaka 1989 alitoa For harde livet, filamu ya hali halisi kuhusu vijana waliozama kwenye dawa za kulevya na wanavyopambana kutoka. Mwaka 1995 akatoa Store gutter gråter ikke, kuhusu wafungwa. Mwaka 1998 akatoa Leve blant løver, kuhusu vijana wenye saratani. Tazama orodha hiyo jinsi ilivyo: walevi wa dawa, wafungwa, wagonjwa. Hakuna mfanyabiashara ambaye angeweka shilingi yake hapo akitarajia iongezeke. Na filamu za namna hiyo hazipigwi kwa wiki mbili. Mtengenezaji hukaa na watu hadi wamzoee, hadi wasahau kamera, hadi siku mbaya ifike naye yupo. Muda ndio malighafi yake, na muda hulipiwa kodi ya nyumba kila mwezi. Hakuzionyesha kwenye televisheni ya usiku wa manane tu. Zilikwenda kwenye kumbi, watu wakalipa tiketi, wakakaa gizani pamoja wakiwatazama wale ambao mchana huwapita barabarani.

Kampuni aliyoshiriki kuijenga inaitwa Motlys. Neno hilo la Kinorway ni la mafundi wa kamera: nuru inayokujia kutoka nyuma ya unayempiga picha, ile ambayo fundi mchanga huikimbia kwa sababu huugeuza uso kuwa kivuli. Kampuni ilidumu. Mwaka 2011, miaka 22 baada ya For harde livet, kampuni hiyohiyo ilitoa Oslo, 31. august ya Joachim Trier, hadithi ya siku moja ya kijana anayetoka kwenye matibabu ya dawa za kulevya. Mada ile moja ilibebwa na mtu wa kizazi kingine ndani ya nyumba ileile. Hapo ndipo naona kitu ambacho sisi tumekikosa zaidi ya pesa: mahali ambapo kazi ya mzee humsubiri kijana.

Je, mtu wa aina hiyo ni huru? Anaomba ruzuku. Wapo washauri wanaosoma mswada wake na kusema ndiyo au hapana, na wana mapendeleo yao, marafiki zao na mitindo ya msimu. Wasanii wa Norway hulalamika kuhusu washauri hao kama wakulima wanavyolalamika kuhusu mvua. Lakini akikataliwa na mmoja, kipo chombo kingine cha televisheni, upo mfuko wa mkoa, zipo nchi jirani za Nordiki zenye mifuko yao. Mtumwa wa bwana mmoja hulia. Mpangaji mwenye wenye nyumba sita wa kuchagua huweza kujibizana nao. Uhuru wa Endresen, kwa macho yangu, haukuwa kutokuwa na wa kumlipa. Ulikuwa kuwa na wa kumlipa wengi kiasi kwamba hakuna mmoja wao aliyeweza kumfunga mdomo.

Sasa mrudie mwenzake.

Mhando alisomea uongozaji wa filamu Romania, kama vijana wengi wa wakati ule waliopelekwa Ulaya ya Mashariki kurudi na ujuzi wa kulijenga taifa. Nyumba aliyoirudia ilikuwa Kampuni ya Filamu Tanzania, TFC, iliyoanzishwa mwaka 1968. Ili kuielewa nyumba hiyo yafaa kukumbuka iliyoitangulia. Mwaka 1935 Waingereza walianzisha huko Vugiri, milima ya Usambara, mradi wa kuwatengenezea Waafrika filamu za mafunzo, wakiamini kwamba macho ya Mwafrika hayawezi kufuata picha inayokwenda haraka. Mapema miaka ya 1950 kampuni ya Afrika Kusini ilikuja kupiga filamu za Kiswahili Tanganyika, na nyota wa Muhogo Mchungu alikuwa kijana mmoja mtumishi wa serikali, Rashidi Mfaume Kawawa. Yule aliyekuja kuwa Waziri Mkuu alijua kusimama mbele ya kamera kabla hajajua kusimama mbele ya bunge! Kwa hiyo tangu mwanzo filamu kwetu ilikuwa kitu cha serikali au cha mgeni, na TFC ilirithi mawazo hayo hata ilipokuwa na nia njema kabisa.

TFC ilipewa kila kitu kwa pamoja: kuingiza filamu za nje, kuzisambaza, kurekodi hata muziki, na pia kutengeneza filamu za nchi. Mwenye duka akawa pia mkulima, na wakati wa njaa mwenye duka hula mbegu. Ilitoa kazi kadhaa, miongoni mwao Fimbo ya Mnyonge, Harusi ya Mariamu, na Yomba Yomba ya Mhando mwenyewe. Lakini mkanda ulinunuliwa kwa fedha za kigeni, na mkanda wa rangi ulilazimika kusafirishwa nje ya nchi kwenda kusafishwa kabla mwongozaji hajajua kama alichopiga kimetoka. Aliyeishi Tanzania ya miaka ile ya foleni za sukari na sabuni hahitaji kuelezwa fedha za kigeni zilikuwa nini. Mwalimu aling'atuka mwaka 1985, mwaka uliofuata nchi ikakubaliana na Shirika la Fedha la Kimataifa, na mashirika ya umma yakaanza kuhesabiwa mizigo. Filamu ikawa ya kwanza kutupwa baharini. Sensa ya mwaka 1988 iliwahesabu Watanzania milioni 23 na ushei, zaidi ya mara tano ya Wanorway, na hawakuwa na mahali pa kumpa kazi mwongozaji mmoja.

Hapo ndipo kipaji kinapopimwa vibaya. Mtu asiyejua mambo haya akiziweka kazi za Endresen na za Mhando za miaka kumi iliyofuata Mama Tumaini mezani, atasema yule Mnorway alikuwa na bidii zaidi.

Mhando akahamia Australia, akawa mwalimu wa filamu Chuo Kikuu cha Murdoch, Perth. Mwisho wa reli. Kwa wengi hiyo ingekuwa aya ya mwisho: mwongozaji aliyegeuka mhadhiri. Yeye aliutumia mshahara wa kufundisha kama Mnorway anavyotumia ruzuku. Pamoja na Mmarekani Ron Mulvihill, yule aliyeshirikiana na Nangayoma Ng'oge kwenye Harusi ya Mariamu, aliongoza Maangamizi, hadithi ya daktari wa akili Mmarekani Mweusi anayekuja Tanzania na kukutana na mgonjwa, Samehe, aliyenyamaza kwa miaka mingi. Amandina Lihamba aliubeba ukimya huo kwa uso tu. Mwaka 2001 Tanzania iliipeleka filamu hiyo kugombea Oscar ya lugha ya kigeni, mara ya kwanza nchi kufanya hivyo. Mara ya pili ilikuwa mwaka 2022, kwa Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji. Filamu mbili, miaka 21 katikati.

Lakini kazi ya Mhando ninayoirudia mimi hapa St Marys ni nyingine, na Watanzania wachache wameiona. Inaitwa Liyarn Ngarn, ya mwaka 2007. Ni maneno ya Kiyawuru, lugha ya wenyeji wa Broome, yenye maana ya kukutana kwa roho. Kisa chake ni kizito. Louis Johnson alizaliwa Alice Springs kwa mama Mwaborijini, akaondolewa kwake angali mchanga, akalelewa na wazazi Wazungu waliompenda. Januari 1992, siku alipotimiza miaka 19, alikuwa akirudi nyumbani kwa miguu mjini Perth. Vijana wa Kizungu wakamshambulia, akafa. Baba yake mlezi alikuwa na rafiki wa ujanani Uingereza, mwigizaji Pete Postlethwaite, uso ambao mpenzi yeyote wa sinema anaujua hata kama jina linamtoka. Postlethwaite alisafiri Australia akiwa na Patrick Dodson, mzee wa Kiyawuru, na mwimbaji Archie Roach, ambaye naye aliondolewa kwa wazazi wake utotoni, wakiuliza nchi hii ilifikaje hapo na itatokaje. Aliyeishika safari hiyo kwa kamera alikuwa Mhando.

Kwa nini Mtanzania? Naona jibu ndani ya filamu yenyewe. Mwongozaji wa Kizungu angekuwa mtuhumiwa au mtubuji. Wa Kiaborijini angekuwa mfiwa. Mhando aliingia kama mgeni anayeujua msiba, mtu aliyetoka Dar es Salaam ya Kamati ya Ukombozi, iliyopokea wakimbizi wa kusini mwa Afrika kama ndugu. Kamera yake haiharakishi machozi. Inakaa. Kwa tabia hiyo ya kukaa na mtu mpaka aseme, inanikumbusha kazi za yule mwenzake wa Oslo, ingawa kati yao pana nusu ya dunia.

Na sisi wa magharibi ya Sydney kisa hicho si cha Perth pekee. Kutoka ninapoandika, kwa gari si mbali, Oakhurst, pana uwanja wa majani ambapo mwaka 1823 serikali ya koloni ilifungua taasisi ya kuwasomesha watoto wa Waaborijini mbali na wazazi wao. Uwanja huo ulirudishwa kwa Wadarug, wenye ardhi hii, mwaka 2018. Mto mdogo unaopita St Marys kwa lugha yao huitwa Wianamatta, na husemwa kuwa maana yake ni mahali pa mama. Nampa mgeni yeyote wa Kiswahili anayehamia huku ushauri mmoja: itazame Liyarn Ngarn kabla hujaanza kulalamika kwamba majirani wana uso wa huzuni.

Basi, mtu aliyefika hapo alipaswa kutengeneza filamu nyingine tano. Hakufanya hivyo kwa wingi huo, na hapa wakosoaji wake wana hoja. Miaka ya 2000 ikielekea mwisho alichukua uongozi wa Tamasha la Kimataifa la Filamu Zanzibar, ZIFF, lililoanza kuonyesha mwaka 1998. Mwaka 2009, akiwa na Keyan Tomaselli wa Afrika Kusini, alianzisha jarida la kitaaluma kuhusu sinema za Afrika. Tamasha linamla mtu. Kila mwaka kuna mfadhili aliyejitoa wiki ya mwisho, projekta iliyoharibika, mgeni aliyekosa viza, mvua isiyotarajiwa juu ya Ngome Kongwe. Saa ambazo angekaa chumba cha uhariri alizikalia vikao. Watu husema: tumempoteza mwongozaji, tumepata meneja.

Mimi naihesabu tofauti. Endresen hakulazimika kujenga ukumbi, kuanzisha tamasha, kufundisha wakosoaji na kuandaa jarida ili filamu yake ipate wa kuiona na wa kuisema. Alivikuta. Mhando alijikuta anajenga nyumba ambayo mwenzake alizaliwa ndani yake, na matofali hayo ni sehemu ya kazi yake ya sanaa, yawekwe kwenye orodha moja na Maangamizi. ZIFF ilipeleka filamu vijijini Unguja na Pemba, ikawapa wanawake maonyesho yao, na katika kipindi cha Mhando ikawafungulia mlango watu wa Bongo Movie, ambao wasomi wengi waliwatazama kwa kubinua midomo.

Bongo Movie yenyewe ndiyo pingamizi kubwa dhidi ya hoja yangu, nami sitaikwepa. Hawa hawakungoja ruzuku ya mtu. Tangu filamu ya Girlfriend, mwanzoni mwa miaka ya 2000, walipiga kwa kamera za harusi, wakauza kanda na baadaye diski sokoni Kariakoo, wakajaza vibanda umiza kutoka Mbagala hadi Bukavu na Bujumbura. Nyota wao Steven Kanumba alipofariki Aprili 2012, Dar es Salaam ilisimama. Hakuna mwongozaji wa ruzuku, wa Oslo wala wa Paris, aliyezikwa na umati wa namna ile. Huo ulikuwa uhuru kwelikweli mbele ya serikali. Mbele ya msambazaji haukuwepo. Soko liliangukia mikononi mwa wasambazaji wachache, waliolipa mara moja na kuondoka na haki zote. Msanii akabaki na jina kubwa na mfuko mtupu, na alilazimika kurudi kupiga nyingine mwezi ujao, harakaharaka, ili ale. Wezi wa nakala walipomaliza kazi yao, mti mzima ukanyauka. Bwana mmoja tena, ila safari hii alikuwa na duka badala ya ofisi.

Kizazi cha sasa kimejifunza somo la Mnorway bila kuwa na Norway. Wanuri Kahiu wa Kenya aliijengea filamu yake, Rafiki, mifuko ya nchi nyingi: Afrika Kusini, Ufaransa, Ujerumani, Uholanzi, Lebanon, na ndiyo, Norway. Mwaka 2018 ikawa filamu ndefu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa rasmi Cannes, na nyumbani ikapigwa marufuku kwa sababu inaonyesha mapenzi ya wasichana wawili. Mahakama Kuu ikaifungulia siku saba tu mwezi Septemba, watu wakapanga foleni Nairobi. Iwe unakubaliana na hadithi hiyo au la, angalia ufundi wa mfuko: kwa kuwa hakuna kamishna mmoja aliyeilipia, marufuku haikuweza kuifuta, ilikuwa imeshaonekana na dunia. Bei yake nayo ipo. Filamu inayolipiwa na mataifa sita huanza kuandikwa ikiwafikiria wasomaji wa mswada wa mataifa sita, na mtazamaji wa Githurai huja wa saba. Shivji naye aliunganisha mifuko ya nje kwa Vuta N'Kuvute, lakini alianza na riwaya ya Adam Shafi, iliyosomwa na wanafunzi wetu kizazi baada ya kizazi, kwa Kiswahili cha Unguja, na sidhani alimwuliza mtu wa Berlin ruhusa ya kuweka taarabu. Kwangu huo ndio mfano ulio karibu zaidi na kile ninachokiita huru.

Kijana wangu wa stesheni anaishi katika nchi yenye ruzuku. Serikali ya Australia humrudishia mtayarishaji asilimia 40 ya gharama zinazostahiki za filamu ndefu ya sinema, mpango uliopo tangu mwaka 2007. Ila sharti filamu hiyo iwe imetumia angalau dola 500,000 hapa nchini. Mlango upo, na kizingiti chake ni kirefu kuliko mtoto wa ghala. Walioruka kizingiti hicho huku magharibi waliruka kwa kushikana: Here Out West, iliyofungua Tamasha la Filamu la Sydney mwaka 2021, iliandikwa na waandishi wanane wa upande huu wa jiji, kwa lugha kadhaa. Wanane kwa filamu moja. Nilipokutana naye tena nilimwambia hivyo, kwamba aache kujisifu kuwa peke yake, atafute saba wengine, Waburundi, Wasamoa, Wafilipino, yeyote mwenye bibi jikoni. Alisikiliza kwa heshima. Sijui kama alikubali.

Limebaki jambo moja, nalo ni la wasomaji walioko nyumbani zaidi kuliko la huku. Sheria ya Norway ya mwaka 1989 inataka nakala za kazi zinazotolewa kwa umma, filamu zikiwemo, ziwekwe kwenye maktaba ya taifa, na huko Mo i Rana, karibu na mzingo wa Aktiki, maktaba hiyo ina maghala yaliyochimbwa ndani ya mlima. Mwanafunzi wa mwaka 2080 atakayetaka kumchambua Endresen atazikuta kazi zake zikimsubiri kwenye baridi na ukavu. Kwetu mkanda una maadui watatu: joto, unyevu na mtu anayehamisha ofisi. Kwa hiyo wewe uliyefanya kazi TFC, au ambaye marehemu baba yako alifanya kazi huko, na kwenye stoo kuna bati la milimita 16 lenye kutu au kanda ya VHS yenye maandishi ya kalamu, Yomba Yomba, Mama Tumaini, au jina usilolitambua kabisa: usilitupe, usilifungue juani, wala usimpe fundi wa mtaani ajaribu. Lipeleke ZIFF au maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, udai risiti.